Njia za panya za mwilini: dawa ile ile, mlango mwingine, hatari nyingine

Mwaka 2005 jarida la tiba la Uingereza, BMJ, lilichapisha barua fupi ya watafiti waliokuwa wakifanya kazi Dar es Salaam. Baadhi ya wanawake wanaojidunga heroini, walieleza, walikuwa wameanza kupeana damu. Mmoja akishajidunga huvuta damu yake mwenyewe kwenye bomba la sindano, kiasi cha mililita 4 hivi, na mwenzake aliyekosa hela ya kete, yaani kipakiti cha heroini, hujidunga damu hiyo. Waliamini kwamba damu ya mtu aliyetoka kupiga sindano imebeba unga, yaani heroini, wa kutosha kumtoa mwingine kwenye arosto, yale mateso ya mwili uliozoea unga na kuukosa. Jina lake likawa flashibladi. Miaka iliyofuata habari hizo zilisikika Zanzibar na Mombasa. Afrika Kusini mchezo huo huo umeitwa bluetooth, na umetajwa pia Fiji, ambako serikali ilitangaza mlipuko wa VVU Januari 2025.

Tanga iko kati ya Dar es Salaam na Mombasa, na maneno ya maskani hayahitaji nauli. Nauza dawa kwenye duka dogo Ngamiani, na swali hili limeshaletwa mbele ya kaunta yangu: "Dokta, eti damu ya mtu aliyepiga inasaidia kweli?" Kijana aliyeuliza hakuwa anatania. Pua ilikuwa inachuruzika, anapiga miayo mfululizo, na vinyweleo vya mikono vilikuwa vimesimama kama mtu aliyepigwa na baridi, wakati nje ni saa nane mchana na lami inachemka. Nilimjibu kwa kifupi kwa sababu kulikuwa na wateja. Jibu refu linastahili kuandikwa, maana swali lake linagusa zaidi ya damu. Linagusa mbinu zote za ajabu ambazo watu wamezibuni za kuingiza dawa za kulevya mwilini, na kile ambacho kila mbinu inafanya ndani ya mwili bila mtumiaji kukiona.

Tuanze na hesabu ya ile damu. Mtu mzima ana damu kama lita 5, yaani mililita 5,000. Mililita 4 ni sehemu moja kati ya 1,250. Hata kama unga wote aliojidunga yule wa kwanza ungebaki unaelea kwenye damu yake, mwenzake angepata kete moja iliyogawanywa mara 1,250. Nao haubaki. Heroini ikiingia kwenye mshipa huanza kubadilika ndani ya dakika chache, inageuka kuwa kemikali nyingine na mwishowe morfini, huku sehemu kubwa ikihama damu kwenda kwenye ubongo, misuli, ini na mafuta. Kinachofika kwa mpokeaji ni kidogo mno hata kutuliza mafua ya arosto.

Mbona basi wapo wanaoapa kwamba walipata nafuu? Siwaiti waongo. Ubongo wa mtu aliyejidunga kwa miaka umejifunza kwamba sindano ikichoma, nafuu inafuata, kwa hiyo kitendo chenyewe kinatuliza kwa muda. Ongeza kwamba aliyempa damu ni rafiki aliyemhurumia alipokuwa anagaragara. Nafuu hiyo ni ya kweli moyoni mwake, ila haikutoka kwenye unga.

Alichopokea kweli ni damu ya mtu mwingine, na hapa ndipo penye kilio. Kituo cha Kudhibiti na Kuzuia Magonjwa cha Marekani, CDC, kinakadiria kwamba mtu akichangia sindano mara moja na mwenye VVU asiyetumia dawa, uwezekano wa kuambukizwa ni kama 63 katika kila matukio 10,000. Kwa aliyetiwa damu yenye virusi hospitalini, uwezekano ni 9,250 katika 10,000, yaani karibu kila anayetiwa. Sindano iliyotumika hubaki na damu kiduchu ambayo mara nyingi hata haionekani kwa macho. Flashibladi ni kuingiza mililita nzima nzima. Aliyebuni mchezo huu alidhani anachangia unga, kumbe amejifungulia benki ya damu isiyopima chochote.

VVU hayuko peke yake. Homa ya ini B inaambukiza kirahisi zaidi ya VVU kwa njia ya damu, na ndugu yake homa ya ini C hukaa kimya kwenye ini kwa miaka mingi kabla mtu hajaanza kuvimba tumbo. Vijana wengi waliozaliwa kabla ya chanjo ya homa ya ini B kuingia kwenye ratiba ya watoto mwanzoni mwa miaka ya 2000 hawana kinga nayo. Kaswende nayo husafiri kwa damu. Kisha kuna makundi ya damu: mwenye kundi O akijidunga damu ya mwenye kundi A au B, kinga yake hushambulia chembe hizo ngeni. Wauguzi wanaijua hali hiyo vizuri, mtu anatetemeka, homa inapanda, mgongo unauma, na figo zinaweza kuumia.

Na malaria. Watu wa Tanga, tunaoishi jirani na Muheza na Amani ambako malaria imetafitiwa kwa miaka na miaka, tumezoea kumlaumu mbu peke yake. Lakini mwaka 1929 daktari mmoja mjini Cairo aliripoti malaria kali miongoni mwa watu waliokuwa wakijidunga heroini kwa kuchangia sindano, na miaka ya 1930 yakatokea hayo hayo New York, mji ambao mbu hakuwa na kesi ya kujibu. Damu yenye vimelea ikiingia mshipani moja kwa moja, vimelea havihitaji hata kupitia ini kwanza. Vinaanza kazi papo hapo.

Sasa tutoke kwenye damu, tutazame mwili mzima. Sisi wa mkoa huu tunajua mpaka wa Horohoro, na tunajua pia njia za panya zinazoukwepa. Mzigo ukipita Horohoro unafunguliwa, unakaguliwa, mwingine unazuiwa. Ukipita porini, hakuna anayeujua umebeba nini. Mwili nao una forodha zake. Kitu kikimezwa, tumbo linaweza kukikataa na kukitapika. Kikifyonzwa kwenye utumbo, damu inakipeleka kwanza kwenye ini, na ini linakivunjavunja kabla hakijafika kwenye moyo na ubongo. Mfano mzuri ni morfini yenyewe: ikimezwa, ni kama theluthi moja tu, na mara nyingine pungufu, inayovuka ini ikiwa na nguvu zake. Ngozi inazuia bakteria. Vinyweleo na ute wa pua hunasa vumbi. Mbinu zote za ajabu ninazozieleza hapa zina nia moja, kuikwepa forodha ili kidogo kifanye kazi ya kingi, na kifanye haraka. Ukiikwepa forodha, hata hivyo, hauvushi unga peke yake. Unavusha kila kilichochanganywa ndani yake na kila kilichoshikwa na vidole vilivyoushika.

Haraka nayo ina madhara yake. Kidonge kilichomezwa huchukua nusu saa hadi saa nzima kuhisiwa. Moshi uliovutwa hufika kwenye ubongo kwa sekunde zisizozidi kumi hivi, na sindano ya mshipa haiko mbali nao. Kadiri stimu inavyopanda kwa kasi, ndivyo ubongo unavyoishika kwa nguvu na ndivyo arosto inavyorudi kudai. Hiyo ndiyo sababu mtu aliyeanza kwa kuvuta kokteli, yaani heroini iliyochanganywa na bangi, hujikuta baada ya muda anatafuta bomba. Haongozwi na ujeuri. Dozi ile ile haimtoshi tena, mfuko hauna kitu, na mtu maskani anamwambia sindano haipotezi hata chembe.

Bomba lenyewe nalielewa kwa sababu nalishika kila siku. Siku moja kijana aliniwekea lake kaunta ili nimpe la saizi ile ile. Namba za mililita zilikuwa zimefutika kabisa kwa kuoshwa, mpira wa ndani umekuwa mgumu, na ncha ya sindano imepinda kidogo kama ndoano. Ncha ya namna hiyo haitoboi mshipa, inauchana. Na kulisuuza kwa maji ya mfereji hakutoi virusi ndani yake: watafiti wa Chuo Kikuu cha Yale walionyesha mwaka 2010 kwamba virusi vya homa ya ini C vinaweza kubaki hai ndani ya bomba lililotumika hadi siku 63. Nilimpa jipya. Najua kuna wenzangu wanaokataa kuwauzia, wakiamini wanawasaidia waache. Kwa jinsi ninavyoona, kijana anayenyimwa bomba jipya haachi unga siku hiyo, anaazima la mwenzake.

Mishipa ya mikono ikishachanika na kuziba, wengine huhamia kwenye kinena, na wengine shingoni. Kwenye kinena mshipa mkubwa wa damu inayorudi moyoni umelala ubavuni mwa ateri, na kando ya ateri kuna neva inayoendesha mguu. Vyote vitatu viko kwenye nafasi ndogo na havionekani. Sindano ikiikosa shabaha na kuingia kwenye ateri, unga na uchafu wake husukumwa kuelekea vidoleni, mishipa midogo inaziba, na mguu unaanza kuwaka moto, unabadilika rangi, na usipotibiwa mapema unaoza. Hata sindano isipokosea, damu huganda kwenye mshipa ule, mguu unavimba, na bonge la damu linaweza kung'oka likaenda kuziba mapafu. Mtu anayetembea akichechemea, paja moja kubwa kuliko jingine, anahitaji kufika hospitali leo, siyo kuchua kwa mafuta ya nazi.

Vidonge vilivyosagwa vina hadithi yao. Arosto ikibana, baadhi ya watu huponda vidonge vya kutuliza kama diazepamu, au vya maumivu kama tramadoli, na kujidunga. Kidonge kimetengenezwa kwa ajili ya tumbo. Humo ndani dawa ni sehemu ndogo, kilichobaki ni wanga, poda ya talki na vitu vingine vya kukishikamanisha, na hivyo haviyeyuki kwenye maji hata ukichuja kwa pamba. Chembe hizo zikiingia kwenye mshipa zinasafiri hadi moyoni, kisha kwenye mapafu, na huko zinanasa kwenye mishipa myembamba kuliko unywele. Mwili unazizingira kwa makovu. Baada ya miezi au miaka mtu anahema akipanda ngazi tatu, na wengine wanadhani ni kifua kikuu. Uingereza walipata somo kali zaidi miaka ya 1990 kwa dawa ya usingizi iitwayo temazepamu, iliyokuwa inauzwa kwenye kapsuli zenye jeli. Waliojidunga jeli ile iliwagandia ndani ya mishipa, na madaktari wa upasuaji wakawakata vidole na miguu.

Heroini ya rangi ya kahawia nayo ina tatizo jingine: haiyeyuki kirahisi kwenye maji, kwa hiyo wapo wanaokamulia ndimu. Ndimu iliyokatwa inaweza kuwa na fangasi. Ulaya, miaka ya 1980, madaktari wa macho walianza kupokea vijana wenye maumivu ya jicho na ukungu machoni, na wakagundua fangasi hao walikuwa wamesafiri kutoka kwenye tunda hadi ndani ya jicho. Wengine walipoteza uwezo wa kuona. Mtu hawezi kufikiria kwamba tunda analokamulia samaki litamfikia jichoni kwa kupitia mkononi.

Kuna ugonjwa ambao kwangu ndio unaonikosesha usingizi zaidi, kwa sababu hapa Tanga unajificha nyuma ya ugonjwa mwingine. Bakteria wanaoishi kwenye ngozi ya kila mmoja wetu wakisukumwa na sindano hadi kwenye damu, wanaweza kuganda kwenye vali za moyo, hasa upande wa kulia, na kuota pale kama kutu. Dalili ya kwanza ni homa, baridi, jasho la usiku na uchovu. Huku kwetu homa ya namna hiyo ina jina moja tu. Mtu anakuja dukani, ananunua dawa mseto ya malaria, anapata nafuu ya siku mbili, homa inarudi, ananunua tena. Nimejifunza kuuliza taratibu, bila kupaza sauti mbele ya wateja: "Mdogo wangu, unapiga sindano?" Akijibu ndiyo, na kipimo cha malaria kikasema hakuna vimelea, simuuzii mseto wa pili. Namwandikia kikaratasi aende Bombo, hospitali ya mkoa. Vali iliyooza haitibiki kwa kidonge cha dukani. Inahitaji dawa za mshipani kwa wiki kadhaa, na akichelewa anakufa na homa inayosemekana ni malaria sugu.

Majipu siyazungumzi sana kwa kuwa yanaonekana. Niseme tu kwamba yasitumbuliwe na wembe maskani, na kwamba waliochoka kutafuta mshipa wakaanza kujidunga chini ya ngozi au kwenye nyama wanakaribisha viini vinavyopenda mahali pasipo na hewa, kikiwemo cha pepopunda. Uskoti, kati ya mwaka 2009 na 2010, heroini iliyokuwa na vimelea vya kimeta iliua zaidi ya watu 10. Kimeta, ugonjwa tunaoujua kwa ng'ombe.

Wanaovuta moshi hujiona wako salama, na kwa upande wa VVU ni kweli wako salama zaidi ya wanaojidunga. Lakini kuna pumu. Moshi wa heroini hubana njia za hewa, na mwenye pumu anaweza kupata shambulio ambalo pampu yake ya kawaida hailiwezi. Isitoshe, mwaka 1982 madaktari wa Uholanzi walieleza wagonjwa 47 waliokuwa wamevuta mvuke wa heroini iliyochomwa kwenye karatasi ya bati. Walianza kwa kuongea kama walevi na kuyumba, wakaishia kukakamaa. Ndani ya ubongo wao sehemu nyeupe, ile inayobeba ujumbe kutoka upande mmoja kwenda mwingine, ilikuwa imejaa matundu kama sifongo. Ni ugonjwa wa nadra. Ila mama anayeona mwanawe ameanza kuyumba na ulimi kuwa mzito hata siku ambazo hajavuta, asisubiri.

Gundi ninaiandikia kwa uchungu kwa sababu wanaoinusa ni watoto. Utawaona karibu na soko la Mgandini au stendi ya Kange, chupa ya plastiki imefichwa ndani ya mkono wa shati, mdomo unakwenda kwenye kola. Ndani ya gundi ya viatu kuna toluini, kimiminika kinachoyeyusha mafuta, na ubongo na neva zimefunikwa kwa mafuta. Kwa muda mrefu kinaharibu akili, kinaondoa potasiamu mwilini hadi misuli inalegea, kinaumiza figo. Lakini ipo hatari moja ya papo hapo ambayo watu wazima wengi hawaijui, na wanaweza kuisababisha wao wenyewe. Mvuke huo unaufanya moyo uwe mwepesi kushtuka. Homoni ya hofu inapomwagika ghafla kwenye damu, moyo uliojaa mvuke unaweza kupoteza mapigo yake na kusimama. Mtoto anaweza kufa kwa namna hiyo hata siku ya kwanza kunusa. Kwa hiyo mgambo anayewakurupusha kwa fimbo, au mwenye duka anayewamwagia maji na kuwafukuza mbio, anafanya kitendo kinachoweza kumuua mtoto palepale barabarani. Mtoto anayenusa asikimbizwe. Msogelee polepole, ongea naye kwa sauti ya chini, mpeleke kwenye hewa safi, mwache akae.

Pombe nayo ina njia zake za panya. Wapo vijana, wengi wao nchi za mbali lakini video hufika kila mahali, wanaoiingiza kwa njia ya haja kubwa au kuidondoshea machoni. Jicho linaungua kioo chake cha mbele, basi, hakuna ulevi wa maana unaopatikana huko. Njia ya nyuma ni hatari kuliko hiyo, kwa kuwa ukuta wa utumbo mpana hunyonya pombe kwa kasi, sehemu ya damu ya huko inalikwepa ini, na mlevi hana namna ya kutapika kilichozidi. Akishazimia, pombe inaendelea kuingia. Ugoro sehemu za siri, kama baadhi ya wanawake wa Gambia wanavyofanya na tumbaku ya unga, nao unachubua ngozi laini na kuacha vidonda ambavyo VVU vinaweza kupitia kirahisi.

Nirudi kwa yule kijana wa vinyweleo. Kinachowasukuma watu kwenye mbinu hizi, kwa wanaotumia unga angalau, ni arosto. Arosto inaumiza mifupa, inaharisha, inatapisha, inamnyima mtu usingizi siku tatu nne. Anayeipitia atajaribu chochote, ndimu, kidonge, damu ya rafiki. Ukimwambia "acha tu" unamwambia maneno ambayo mwili wake hauwezi kuyatii. Ndiyo maana hospitali ya Bombo ina kliniki ya methadoni, dawa ya kunywa inayozuia arosto, kama zilivyo Muhimbili, ambako huduma hii ilianza Tanzania mwaka 2011, Mwananyamala, Temeke, Bagamoyo na kwingineko. Methadoni hutolewa bure, kwa kikombe, mbele ya mhudumu, kwa kawaida kila siku.

Mama mmoja, mpika vitumbua wa Makorora, aliniuliza kwa ukali kuhusu jambo hilo. "Mwanangu, si ndiyo yale yale? Wamemnyang'anya unga mtaani, wanampa unga wa serikali." Niliheshimu hasira yake, maana ameuziwa hadi masufuria na kijana wake. Nilimweleza kwamba methadoni kweli ni ya ukoo mmoja na heroini, lakini inapita mlangoni. Inanywewa, inapita tumboni na kwenye ini, inapanda polepole, haileti ule mshtuko wa stimu, na inakaa mwilini kwa takribani siku nzima. Hivyo arosto haiji, sindano haihitajiki, na kijana anaweza kwenda kubeba mizigo bandarini akarudi na hela. Aliniuliza itachukua muda gani. Nikamwambia miezi mingi, wengine miaka, na kwamba asimharakishe kupunguza.

Hatari moja ya methadoni familia inapaswa kuijua: ukichanganya na pombe au diazepamu, pumzi inaweza kusimama usingizini. Na hatari kubwa zaidi inawakabili waliokaa bila unga, iwe kwenye nyumba ya upataji nafuu au gereza la Maweni. Wanapotoka, mwili umesahau dozi ya zamani. Mtu anayerudia kiasi kile alichokizoea anazidiwa. Utamkuta midomo imekuwa ya bluu, anakoroma kwa mbali, pumzi zimepungua, mboni za macho zimekuwa ndogo kama ncha ya sindano. Maskani wanajaribu kumnywesha maziwa, ambayo yanaingia kwenye mapafu. Wengine wanamdunga maji ya chumvi, ambayo hayana kazi yoyote dhidi ya heroini na yanaleta maambukizi. Fanya hivi: mwite kwa nguvu, mkune mfupa wa kifua kwa kifundo cha ngumi, ukiona hapumui vizuri mlaze chali, inua kidevu, mpulizie pumzi mdomoni moja kila sekunde tano. Akianza kupumua mwenyewe, mlaze ubavu ili matapishi yasimkabe. Mtafutie usafiri wowote, bajaji au bodaboda yenye mtu wa kumshika nyuma, mkimbilie hospitali, ambako dawa inayoitwa naloksoni huvunja nguvu ya heroini kwa dakika chache. Nguvu hiyo ikirudi baada ya naloksoni kuisha, atazama tena, kwa hiyo msimtoroshe wodini akifumbua macho.

Kwa aliyekwisha kujidunga damu ya mwenzake, muda ni saa 72. Ndani ya muda huo anaweza kuanzishiwa dawa za kuzuia VVU visishike, anazozimeza kwa siku 28, na kila saa inayopita inapunguza nguvu yake. Apimwe pia homa ya ini B na C, kaswende, na malaria.

Na ukimpeleka mgonjwa wako kwa daktari, usiishie kusema anatumia unga. Sema ameingiza nini, kwa njia gani na mahali gani pa mwili. Ukisema alijidunga vidonge, daktari atasikiliza mapafu. Ukisema ndimu, atamwangalia macho. Ukisema kinena, atapima mapaja yote mawili na kutafuta damu iliyoganda, na ukisema homa imerudi mara ya tatu na anapiga sindano, ataweka kifaa chake juu ya moyo kabla ya kuandika mseto.